Mchunga Ng'ombe wa Mwenzake

Mwanangu Mwita,

Barua za kwetu huanza kwa kusema mimi ni mzima wa afya, hofu na mashaka ni kwako wewe uliye mbali. Nimejaribu kuianza hivyo nikashindwa. Wewe bado hujawa mbali. Umelala chumba cha pili pamoja na baba yako mdogo aliyekuja kukuchukua, na kukoroma kwake nakusikia mpaka hapa. Na mimi si mzima. Tangu juzi alipobisha hodi, chakula hakinipiti kooni. Mama yako anasema ni homa, nami nimemwacha aamini kuwa ni homa.

Mambo ya safari sitayagusa. Blanketi, viazi vya njiani, namna ya kuwaamkia wazee wa kule, hayo mama yako amekuambia mara nyingi mpaka umeanza kuitikia kabla hajamaliza. Mimi nina jambo moja tu. Kesho mnavuka mto Mara kwenda kwa Chacha, kaka yake, mtu aliyemtolea mama yako mahari kabla sijamjua. Msimu huu utatahiriwa ukitokea nyumbani kwake. Unajua kama ninavyojua mimi: kijana akishatoka katika nyumba ya mtu siku ile, basi ni wa nyumba ile mpaka kaburini. Mkutano wa kijiji hauwezi kuligeuza hilo, wala katibu wa chama na mhuri wake.

Kwa hiyo usiku huu ni wa mwisho wa mimi kukuita mwanangu bila mtu wa kunikosoa. Acha nilitumie neno hilo mpaka liishe.

Mwanangu, unajua kazi yangu ilikuwa mdomo. Wengine walilima, wengine walichunga, mimi nilizunguka na gari la sinema la serikali. Dereva akishafunga shuka jeupe kati ya miti miwili na kuwasha jenereta, mimi nilishika kipaza sauti na kuyageuza maneno ya Kiswahili yaingie masikioni mwa wazee: hapa Natta kwa Kinatta, kule Tarime kwa Kikurya nilichofundishwa na mama yako jikoni. Tulianza na picha za mbolea, tukaja za choo, halafu za kuchemsha maji. Watu walivumilia. Walijua mwisho tutawapa hadithi, na hadithi ndiyo iliyowatoa makwao.

Nadhani nimetazama hadithi hizo kuliko mtu yeyote wa kijiji hiki. Na nakuambia kweli, sijawahi kuona humo mama wa kambo aliyepika uji na mtoto akashiba. Mama wa kambo lazima afiche nyama. Baba wa kambo lazima arudi amelewa, mkanda mkononi. Mtoto lazima atoroke, ateseke kidogo mjini, halafu ampate baba yake wa damu, mtu wa suti na nyumba ya ghorofa. Wanakumbatiana, muziki unapanda, basi, watu wanachukua viti vyao wanakwenda kulala. Hakuna picha iliyosubiri siku ya pili yake, wawili hao wanapotazamana mezani na hawana la kusema kwa sababu hawajuani. Wala hakuna iliyorudi nyuma kidogo kumtazama yule aliyeachwa, yupo wapi, anakula nini. Mimi nilikuwa nazitafsiri hizo, nacheka pamoja na watu, nalipwa, narudi nyumbani kwa mtoto wa kambo anayenisubiri njiani aibebe kofia yangu.

Sikuona. Naapa sikuona kuwa ni mimi ninayesemwa.

Ulipokuja hapa ulikuwa mgongoni. Mama yako alikuwa amerudi kwao, kwa sababu Chacha alioa tena na nyumba ya mama yako ikasahauliwa. Sisemi Chacha ni mtu mbaya, na usimwendee na hasira yangu, maana hasira yenyewe sina. Wakwe zangu walitaka binti yao arudi alikoolewa, kwa kuwa ng'ombe wa Chacha walikwisha kutumika: kaka wa mama yako alioa kwa ng'ombe hao hao. Hawakuwa na cha kurudisha. Mimi nikamchukua bila kutoa neno wala mnyama, nikijiona kijana wa kisasa, na babu yako, baba yangu mimi, akanitazama tu kama mtu anavyomtazama ndama aliyeingia kisimani.

Hukunipenda haraka. Ulikuwa mtoto wa kununa, ukinipa mgongo nikikuletea muwa. Halafu siku moja tulikuwa tunajaribu vyombo pale uwanjani mchana, nasema moja mbili, moja mbili, kama ilivyo desturi. Ukaja ukashika kipaza sauti kwa mikono yote miwili, ukakiweka karibu kabisa na meno, ukasema: "Tata."

Neno hilo lilitoka kwenye spika likaenda mpaka mlimani likarudi. Wanawake waliokuwa kisimani wakasimama. Tata, baba, kwa lugha ya mama yako. Hukuwahi kuniita hivyo, wala mimi sikuwahi kukuomba. Dereva alinicheka kwa sababu nilikwenda nyuma ya gari nikajifanya natafuta waya. Tangu siku hiyo mpaka siku ile ya Tarime uliniita hivyo kila siku, nami nikazoea, nikawa kama mtu aliyesahau kuwa ameazimwa koti.

Babu yako hakusahau. Alitenga ng'ombe zizini mwake, akanionyesha kwa fimbo, huyu na huyu na yule. Akaniambia niwapeleke kwa Chacha, wazee wakae, wakubaliane, mtoto awe wetu na mambo yaishe. Mimi nilikuwa na shughuli. Ilikuwa wakati wa kuhamia vijijini, na ni mimi niliyekuwa napita na kipaza sauti kuwaambia watu wabomoe wahame, waje wakae pamoja barabarani, kwamba sasa sisi sote ni ndugu, shamba letu moja, watoto wetu wote ni wa taifa. Niliyasema hayo mara nyingi mpaka yakaniingia. Nikamwambia mzee hao ng'ombe wa kurudisha ni habari za zamani. Alikuwa anafunga mlango wa zizi. Hakunyanyua hata kichwa.

"Shamba ni la wote, Makuru," akasema. "Mtoto ana mwenyewe."

Nikasema nitakwenda baada ya mavuno. Baada ya mavuno nikasema tukimaliza kuezeka. Ndigana, ugonjwa wa kupe, ikaingia kwenye mazizi mapya, ambako ng'ombe wa watu wote walibanana, na wale waliotengwa kwa ajili yako wakafa pamoja na wengine. Babu yako naye akafuata. Hakunilaumu kwa neno moja, na hiyo ndiyo lawama niliyobaki nayo. Siku nikisikia mtu anasema haraka haraka haina baraka, hujisemea moyoni kuwa na polepole nayo ina msiba wake.

Sasa niseme habari ya Tarime, maana najua ndiyo iliyotufikisha hapa, ingawa hatujawahi kuizungumza wewe na mimi.

Shule zilikuwa zimefungwa. Mama yako alitaka kuwaona wazazi wake, nalo gari lilikuwa linapanda upande wa Sirari, nikawapakia. Ulikaa mbele kati yangu na dereva, ukishika kipaza sauti mapajani njia nzima usiruhusu mtu akiguse. Jioni ile uwanja ulijaa. Ulikaa chini kabisa karibu na shuka, na ulikuwa umewaambia watoto wote wa kule kwamba yule anayesema ni baba yako. Nilikuona ukininyooshea kidole.

Hadithi ilikuwa ya baba wa kambo, ile ya kawaida, mkanda na chupa. Yule mtoto wa kwenye picha akasema kwa Kiswahili, huyu si baba yangu, huyu ni baba wa kambo. Nikafungua mdomo nitafsiri, neno sina. Nilitafuta katika Kikurya chote alichonipa mama yako, sikulipata. Baadaye nilimuuliza, akaniambia kwao hawalisemi hivyo, mtoto ana baba na baba ni mwenye ng'ombe, huyo mwingine wamwite wa nini? Lakini wakati ule picha inakwenda, haingoji, watu wote wameelekeza masikio kwangu. Mfasiri mwenye akili angenyamaza, wangeelewa kwa macho. Mimi ukimya sikuujua. Nikasema: huyu ni mchunga ng'ombe wa mwenzake.

Mwanangu, hukuwahi kusikia kicheko kama kile. Watu walilala chini. Wazee walipiga fimbo ardhini. Maana neno lilikaa pale pale linapotakiwa, na wao wanalijua kuliko mimi. Unajua desturi ya kumwekea mtu ng'ombe: anamlisha, anamwogesha, anamkesha akiugua, na malipo yake ni maziwa. Mwenyewe akija, anamfungulia kamba, hakuna maneno. Nami kwa kuwa nilisikia kicheko kimekuja, nikakifuata. Kila yule mtu alipotokea kwenye picha nikasema, huyo tena mchunga ng'ombe, ona anavyomchapa ndama asiye wake, mwache mwenyewe aje. Nilikuwa hodari siku ile kuliko siku zote. Nilijisikia vizuri.

Ndugu za Chacha walikuwemo humo uwanjani, na mimi sikujua.

Taa ilipowaka nikakutafuta. Ulikuwa umehamia nyuma ya shuka, mahali wanapokaa wanaochelewa, ambako picha inaonekana kinyume na watu wote ni mashoto. Hukuwa unalia. Ulinitazama kama unayepima kitu. Asubuhi yake tukiwa kwa wakwe ukanipita mlangoni ukasema, "Shikamoo mzee." Mzee. Kwa adabu kamili, huna kosa. Nikaitikia marahaba, nikafikiri utasahau ukishiba.

Huku nyumbani dereva alilieneza lile jina kwa mzaha, nikawa Mchungaji. Wageni wa kanisani walidhani nahubiri, siku moja wakaniomba niombee chakula, nami nikaomba kweli, watu wakacheka hapa kwetu mpaka basi. Na mimi nilicheka. Wewe ulikuwa unakata nyasi za kuezeka, ukaweka mundu chini ukaondoka. Nilikuona. Ningeweza kukufuata. Njia ya kukufuata ilikuwa fupi, na mimi niliogopa kwamba nikikufikia sitakuwa na la kuchekesha la kusema.

Hilo ndilo ninalokuachia, kama ni urithi basi uupokee hivyo ulivyo. Watu wakicheka, mtazame yule mmoja asiyecheka. Ukikosa neno, kaa kimya, dunia haitakufa kwa kukungoja. Na jambo la kurudisha kitu cha mtu, hata kama unaliona ni la kizamani, lifanye wakati mwenye kitu angali anakusalimia vizuri. Sijui kama hayo ni mashauri. Ndiyo yaliyobaki mkononi mwangu baada ya kupoteza mengine yote.

Juzi baba yako mdogo alipoketi, nilijiandaa kwa ugomvi. Nilitaka ugomvi. Nilikuwa nimekwenda kwa mwenyekiti wa kijiji tangu tuliposikia anakuja, akaniambia kuna mahakama Mugumu, sheria siku hizi inamtazama mtoto, niende nikadai. Kumbe yule mzee hakuja na fimbo wala maneno makali. Alikula, akanawa, akanipa mkono wake wa kulia akiushika kiwiko kwa wa kushoto, namna ya kumheshimu mtu.

"Tunashukuru umetuchungia," akasema. "Ulisema mwenyewe kwenye kipaza sauti, tulisikia wote. Wengine huku wangekataa. Wewe ni mtu wa haki."

Hakuwa ananidhihaki. Alimaanisha. Mtu amekuja kunivunja nyumba na anaona ananipa sifa, na kamba anayonifunga nayo niliisokota mimi, mbele ya halaiki, kwa vicheko. Mama yako alisimama mlangoni na sahani, sikuweza kumtazama. Nikasema ahsante. Ndiyo, mwanangu, nilisema ahsante. Mfasiri wa wilaya nzima, na siku ya kesi yangu mwenyewe neno nililopata ni hilo.

Nikaja kwako zizini. Nilikuuliza kama wanakulazimisha, kwa maana ungesema ndiyo, ningekwenda Mugumu kwa miguu usiku ule ule. Uliendelea kukamua. Ukasema: "Naenda kwetu."

Sikukuuliza tena. Mahakama inaweza kumzuia mtoto asivuke mto, lakini haiwezi kumfanya aseme kwetu akimaanisha hapa. Na sikulaumu. Mtoto wa kiume anataka kusimama siku ile akijua nyuma yake kuna nani. Mimi nilikuambia kwa spika mbili kwamba nyuma yako hakuna mtu, kuna mchungaji tu, analipwa maziwa.

Na maziwa nimekunywa, Mwita, hilo sikatai. Ule uzito wako mgongoni siku ulipopata degedege nikakimbia nawe mpaka zahanati, ukaniuma bega, alama ipo. Ulivyokuwa unaogopa nyumbu wakipita karibu na mashamba, unajifanya huogopi, unanishika mkanda wa suruali. Mkanda huo huo. Kama kuna mtu atatengeneza picha ya baba wa kambo na ataniuliza mkanda ulikuwa wa kazi gani, nitamwambia ulikuwa wa kushikwa na mtoto. Lakini hataniuliza.

Mwanangu, usiende.

Nimeliandika na sitalifuta, ingawa nilijiapiza nisiliandike. Usiende. Mwambie yule mzee umeugua. Mwambie chochote. Nitauza baiskeli, nitamwendea Chacha nitaketi mlangoni kwake mpaka aseme anataka nini, nitafanya leo yale ya baada ya mavuno. Nimesema. Sasa naona hata wino unanionea haya, maana alfajiri utaamka, utavaa, utaondoka, na barua hii utaikuta ndani ya blanketi mkiwa mmeshavuka. Nitaiweka huko makusudi. Sitaki uisome hapa uniache ukiwa unanihurumia.

Kwa hiyo nisikilize unavyonisoma, ng'ambo ya mto.

Wakikuuliza wewe ni wa nani, sema wa Chacha. Sema kwa sauti, usitafune. Nusu jibu litakuaibisha mbele ya rika lako, na rika ndilo utakalozeeka nalo. Jina langu lisikukwame kinywani siku ile. Na Chacha akijaribu kukupenda, mwache ajaribu. Atakosea, hajui kama unakula ugali wa ukoko, hajui ukinyamaza maana yake nini. Msaidie. Mimi hukunisaidia sana mwanzoni, na nilikuwa na muwa.

Nitakuja. Mama yako hajui bado. Siku hiyo mtakapokuwa mnarudishwa kutoka kukatwa, na watu wanaimba, kuna ile njia ambayo mtu yeyote anaruhusiwa kusimama, wanawake, wapita njia, hata wenye biashara kutoka Sirari. Nitasimama huko kama mtu yeyote. Sitasema kitu. Usinitafute na usigeuze macho, kijana hageuzi macho siku hiyo, watasema umeogopa, na mimi najua huogopi. Pita.

Ila ukishapona, siku moja utakuwa peke yako na mifugo, mahali hakuna mtu wa kucheka wala wa kusikia. Hapo ndipo ninapokuomba, na sina kingine ninachokuomba tangu leo. Lijaribu lile neno ulilokuwa ukiniita. Usilipeleke kwangu wala kwa mtu yeyote, lijaribu tu kama tulivyokuwa tunajaribu vyombo, moja mbili, moja mbili. Uone kama bado linatoka.

Makuru